Maji yakituama mwisho mmoja wa njia ya kurukia Dodoma, taarifa inaandikwaje?

Zamu_ya_Alasiri: Wakuu, naomba ushauri. Mvua za Dodoma mnazijua, zinapiga kidogo kwa nguvu kisha jua linarudi. Tuseme kwenye njia yetu, 09/27 (09 ni mwisho wa magharibi, 27 ni wa mashariki), maji yametuama theluthi ya mashariki, kwingine kumelowa tu. Nitoe wastani wa njia nzima?

Mlinda_Lami: Wastani hapana, mkuu! Unaficha kipande kile kile chenye hatari. Gawa njia mara tatu kuanzia upande wa namba ndogo, yaani 09, kila theluthi ipate namba yake ya hali ya lami. Kavu ni 6. Imelowa, maji yasizidi milimita 3, ni 5. Yakizidi hapo ni maji yaliyotuama: 2. Theluthi ikiwa na maji kwenye asilimia 25 ya eneo lake au pungufu, inabaki 6.

Kina usikikadirie ukiwa ndani ya gari. Shuka na rula, pima sehemu kadhaa kushoto na kulia kwa mstari wa kati, pale matairi yanapopita. Dimbwi lililo nje ya lami halihusiki.

Mfano wako, tarehe 15 Januari saa 9:30 alasiri:

HTDO 01151230 09 5/5/2 100/100/75 NR/NR/04 WET/WET/STANDING WATER

Kwa mpangilio: kodi ya uwanja wa Dodoma, mwezi-siku-saa, njia, namba za hali, asilimia ya eneo lenye maji, kina kwa milimita, kisha aina (WET ni imelowa, STANDING WATER ni maji yaliyotuama). Saa ni za UTC, yaani saa ya kimataifa, kwa hiyo 15:30 toa tatu. NR (haijaripotiwa) ni kwa sababu penye kulowa tu kina hakiandikwi.

Sauti_ya_Mnara: Hapo kuna mtego. Ndege inayotua 27 inaanza na theluthi ya mashariki, hivyo mwongoza ndege atamsomea rubani 2/5/5. Kugeuza ni kazi ya mnara. Ukigeuza na wewe, rubani atasikia 5/5/2 na kugusa chini penye maji akidhani ni pazuri.

Zamu_ya_Alasiri: Asanteni sana. Na rubani akilalamika breki wakati nimeandika 5?

Mlinda_Lami: Akisema MEDIUM (breki za wastani), hiyo ni sawa na 3, una sababu ya kushusha. Ripoti za POOR (breki mbaya) mbili mfululizo, rudi ukakague upya. LESS THAN POOR (mbaya zaidi ya hapo), ndege zisimame kwanza. Kupandisha 5 au 2 kwa hisia zako hairuhusiwi, hata kama unaona lami inang'aa vizuri.

Mvua za kwanza, Novemba au Desemba, ziogopeni zaidi: vumbi la kiangazi na mpira wa matairi uliogandia lami vikilowa vinateleza. Kipimo cha msuguano kikiwa chini ya kiwango, toeni NOTAM (tangazo rasmi kwa marubani), na njia ikilowa andika 3, si 5. Jua likishakausha theluthi moja, tuma taarifa mpya hapo hapo.