Filamu bubu mnaitafsiri nini? Nataka 10,000 yangu

Wakuu salaam. Mods, naomba uzi huu msiuhamishie jukwaa la vichekesho, nina hasira za kweli.

Jumamosi nimelipa 10,000 mlangoni kwenye ukumbi mmoja hapa Dar, mimi na mpwa wangu, kwenda kuona Egged On, filamu bubu ya mchekeshaji wa Marekani Charley Bowers, ya 1926. Kwa wasioijua: jamaa kachoka kuona mayai yanavunjika, anaokoteza vyuma chakavu mpaka vitu vya watu, anaunda limashine la kuyafanya yasivunjike. Na hakati tamaa, mnajua watu wa aina hiyo.

Taa zinazimwa, nasikia spika: "Haya haya haya, mambo yameanzaaa!" Wamemleta DJ wa kutafsiri muvi! Filamu haina hata neno moja la mtu kuongea, anatafsiri nini?

Kuna kipande mayai yako chini ya boneti ya gari, joto la injini linayaatamia, yanaanguliwa vigari vya Ford. Ganda linapasuka, kinachomoza kigari, vinakimbilia uvunguni mwa gari kubwa kama vifaranga kwa mama yao. Hiyo kazi ilifanyika kwa kusogeza kitu kidogo, piga picha, sogeza tena, piga tena. Kompyuta hakuna. DJ: "Oyaa, Toyota imejifungua!" Ukumbi mzima unamcheka DJ, kwenye skrini haangalii mtu. Mpwa wangu ananiuliza, "Anko, huyu anayeongea yuko wapi kwenye picha?"

Najua kuna mjuaji atakuja na habari za Wajapani na benshi wao waliosimulia filamu bubu ukumbini. Sawa. Lakini benshi alikuwa msanii na kazi yake ilikuwa hiyo hiyo filamu. Huyu wetu katikati ya picha anakumbusha watu kuna mishikaki nje.

Halafu wameikata juu na chini ili ijaze skrini pana, wakati picha za enzi zile hazikuwa pana hivyo. Bowers hana paji la uso. Zile kadi za maandishi zinazotokea katikati ya picha, mstari wa kwanza haupo, unasoma sentensi kuanzia tumboni.

Na hizi filamu za Bowers zilishapotea kabisa! Raymond Borde wa Cinémathèque ya Toulouse, hifadhi ya filamu huko Ufaransa, alikuta mikebe ya filamu imeandikwa "Bricolo" tu, ikabidi watu wahangaike kujua Bricolo ni nani, kumbe ndilo jina Wafaransa walilompa Bowers. Zimepona huko kote, zije kuuawa na maikrofoni Dar.

Nimemfuata wa mlangoni anirudishie hela. Kaniangalia: "Bro, si picha umeiona lakini?"