Washiriki wachache: kundi moja au makundi mawili?

Mwanafunzi, Wete
Assalaam alaykum ndugu zangu. Ninataka kuchunguza iwapo kelele za sokoni hupunguza uwezo wa kukumbuka maneno, lakini nimepata washiriki 24 tu. Je, niwagawe makundi mawili, au kila mmoja apimwe mara mbili, katika ukimya na katika kelele?

Mwalimu mstaafu, Mkoani
Waalaykumu salaam, mwanangu. Kwa idadi hiyo, mpime kila mmoja mara mbili, kwani mtu hulinganishwa na nafsi yake, na tofauti za kumbukumbu baina ya watu hazivurugi matokeo. Hatari yake ni mfuatano: anayeanza na ukimya huweza kuchoka, au kuizoea kazi, kabla ya kufika kwenye kelele, nawe ukadhani ni kelele zilizomwathiri. Basi 12, watakaochaguliwa kwa kura, waanze na ukimya, na waliobaki waanze na kelele.

Msomaji, Unguja
Naongeza kwamba orodha za maneno ziwe mbili, zenye ugumu unaolingana, nazo zipishane zamu baina ya ukimya na kelele. Kelele uzirekodi, wote wasikie zile zile, maana soko la Darajani la asubuhi silo la jioni.

Mwanafunzi, Wete
Ahsanteni sana. Orodha nilikuwa nimeandaa moja tu.