Chungwa la Muheza: shambani 60, Mombasa karibu mara tano. Inaliwa wapi hela yote hiyo?

MkulimaKicheba:

Wakuu, habari za jioni. Nina miti 140 ya michungwa huku Kicheba, Muheza, mingi ni Valensia na michache Msasa. Msimu huu nimeuza chungwa moja shilingi 60. Binamu yangu yuko Likoni, Mombasa, kaniambia gengeni kwao chungwa la ganda la kijani, hilihili letu, ni shilingi 15 za Kenya. Nikizidisha kwa 19 ili kupata shilingi za kwetu, napata 285.

Zamani Wakenya walikuja wenyewe na gari mpaka chini ya mti. Tangu ile amri ya Serikali ya Tanzania ya Julai 2025 iliyowazuia wasio raia kufanya biashara 15, ununuzi wa mazao shambani ukiwemo, anayekuja ni Mtanzania mwenzetu. Nilitegemea bei ipande. Kwangu haikupanda hata shilingi tano.

Kinachoniuma zaidi ni ile hesabu. Vijana wa mnunuzi wanahesabu matano matano, kila mia inapotimia wanatenga chungwa moja pembeni kama alama, halafu juu ya kila mia wanaongeza matano ya "nyongeza". Nyongeza ya nini? Nikiuza elfu 20, elfu nzima imeondoka bure. Swali langu: hiyo 225 ya katikati inaliwa na nani? Na je, mkulima akipeleka mwenyewe Mombasa inalipa?

MamaWaMatenga:

Kaka yangu, mimi ni mmoja wa hao unaowasema. Mtanzania, naishi Tanga, nina miaka tisa napeleka machungwa soko la Kongowea, Mombasa. Ngoja nikupe safari yangu ya mwisho kama ilivyo kwenye daftari.

Nilinunua machungwa 20,000 kwa 60, ikawa 1,200,000. Kuchuma, kuhesabu na kupakia 160,000. Canter mpaka Mombasa 900,000. Ushuru wa halmashauri, cheti cha afya ya mimea cha TPHPA (mamlaka yetu ya mimea na viuatilifu), kibali cha KEPHIS (wakaguzi wa mimea wa Kenya) upande wa pili, na ushuru wa kaunti, jumla 280,000. Vibarua wa kushusha na nafasi sokoni 110,000. Jumla yote 2,650,000. Hapo sijalipa ushuru wa forodha, kwa sababu mazao ya ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki hayatozwi, na mzigo usiozidi dola 2,000 unapata cheti rahisi cha uasili palepale mpakani Horohoro. Wapo wakulima wanaotishwa kwamba forodha itawamaliza. Wasitishwe.

Sasa kuuza. Mimi siuzi 15. Hiyo ni bei ya mwenye genge, anayeuza moja moja kwa siku nne. Mimi nauza kwa jumla shilingi 9 za Kenya. Na siuzi 20,000, nauza 18,000. Elfu mbili zilioza, hata baada ya ile nyongeza kuziba sehemu ya hasara. 18,000 mara 9 mara 19 ni 3,078,000. Nilibakiwa na 428,000 kwa siku nne, na usiku mbili nimelala juu ya turubai.

Hizo elfu mbili ndizo zinazokula hela yako na yangu. Vijana wanaanza kuchuma saa kumi na mbili asubuhi umande haujakauka, wanavuta kwa nguvu, kikonyo kinang'oka na kipande cha ganda. Pale palipochunika, baada ya siku chache panakuwa laini, kisha pana unga wa kijani. Chungwa moja la namna hiyo katikati ya tenga linaweza kuambukiza majirani zake. Ile nyongeza tunayokukata imezaliwa hapo. Sikatai kwamba inakuumiza, maana unalipishwa hasara ambayo pengine si miti yako iliyoileta.

Kwenda mwenyewe na gari moja bila mtu wa kukupokea kule sikushauri.

Kongowea_Asubuhi:

Ndugu yangu wa Muheza, mimi niko huku mizigo inakoshushwa. Bei hapa haipangwi na dalali peke yake. Inapangwa na idadi ya magari yaliyoingia alfajiri. Yakiingia mawili, watu wanagombania. Yakiingia saba, mwenye mzigo anabembeleza, maana jua la Mombasa halimsubiri.

Halafu kuna Misri. Misri na Kenya wako pamoja COMESA, soko la pamoja la mashariki na kusini mwa Afrika; Tanzania ilijitoa mwaka 2000. Machungwa yao yanafika kwenye katoni, yote saizi moja, ya rangi ya chungwa kabisa. Lenu ni la kijani kwa sababu pwani haina usiku wa baridi wa kuligeuza ganda, ndani limeiva na maji ni mengi kuliko hilo la katoni. Wauza juisi wanalijua na wanalitaka. Lakini anayenunua kwa macho analipita. Msimu wa Misri ukiisha katikati ya mwaka, mnapata nafasi yenu. Mnaniudhi mnapoileta nafasi hiyo yote kwa wiki mbili.

Mzigo uliochaguliwa makubwa tupu nanunua shilingi 11 za Kenya bila maneno. Mchanganyiko ni 8 au 9. Na kwa barabara ya Dongo Kundu, inayozunguka bila kupita feri, sasa mzigo hauozei garini kwenye foleni ya feri ya Likoni.

MkulimaKicheba:

Nashukuru sana, dada, na wewe ndugu wa Kongowea. Sikuwahi kuonyeshwa daftari la mnunuzi hata siku moja. Nitasema ukweli: machungwa ya miti 50 niliyauza yakiwa bado maua, mwezi wa ada za shule, kwa 35 kila moja. Hiyo imeshakwenda. Kati ya miti 90 iliyobaki, mingi bado haijaguswa. Nikisimamia mwenyewe uchumaji, vikonyo vikatwe kwa mkasi, na nikatenga makubwa, utaondoa ile nyongeza?

MamaWaMatenga:

Naiondoa. Na makubwa nakupa 75, madogo nakupa 50, nitayauza kwa watu wa juisi Tanga mjini. Masharti yangu mawili: usianze kuchuma kabla ya saa tatu, na usiyarundike chini juani, yaweke kivulini juu ya majani makavu. Hesabu tutakaa wote wawili, wewe na mimi, si vijana. Kama jirani yako naye atakubali hivyo, mwambie achelewe wiki moja nyuma yako ili tusifike Kongowea siku moja.

Nitakuwa Muheza Jumatano. Nitumie ujumbe binafsi unielekeze njia ya kuingilia.