Mzazi akishamwandikisha mtoto mali, sheria imruhusu kuirudisha?

Wadau hebu tuliongee hili maana huwa tunalikwepa. Mzee ana miaka sabini na kitu, mtoto anamwambia tuandikishe jina langu mapema mirathi isije ikatusumbua, mzee anasaini, miezi sita haijaisha kahamishiwa chumba cha nyuma na mwaka wa pili anaulizwa utakaa hapa mpaka lini. Akienda kwa wakili anaambiwa mzee ulitoa kwa hiari, mali si yako tena. Mimi nasema arudishiwe. India wana sheria ya 2007 inayolinda wazee kuanzia miaka 60, kifungu cha 23 kinasema ukipewa mali kwa sharti la kumtunza mzee halafu usimtunze, inahesabiwa uliipata kwa ulaghai au shinikizo, na mzee akitaka baraza linaifuta. Ufaransa nako zawadi inafutika kwa utovu wa shukrani, na kumnyima chakula aliyekupa ni mojawapo ya sababu. Kwa hiyo nani anapinga na kwa nini?

—

Mleta mada umelipita haraka neno SHARTI, na kesi zinafia hapo hapo. Mwaka 2022 Mahakama ya Juu ya hiyo hiyo India ilikataa kufuta uhamisho wa mama kwa sababu hakuna popote palipoonyesha mali ilitolewa kwa masharti ya matunzo. Januari 2025 mama mwingine alirudishiwa yake, ila huyu mwanae alikuwa ameandika ahadi kwamba atamtunza. Yaani karatasi moja ndo imeamua nani analala ndani. Na ni mzazi gani anamwandikisha mwanae mkataba? Anaona aibu, atasema damu yangu haiwezi kunitupa.

—

Mimi napinga na sioni haya. Mnaongea kama kila mtoto ni jambazi. Kuna mtoto kakaa na mama miaka kumi, kamwogesha, kapaua nyumba kwa hela yake, halafu ndugu waliopotelea mjini wanarudi wanamjaza mama maneno na mama anakwenda kudai hati irudi. Huyo naye mnamwambiaje? Na kama nyumba ishauzwa kwa mtu baki au iko rehani benki, mnamrudishia nini? Halafu kuna mkwe. 2020 huko huko India mahakama ilisema sheria ya wazee isigeuzwe fimbo ya kumtoa mke kwenye nyumba ya ndoa, maana mume anaweza kujificha nyuma ya wazazi wake akamfukuzisha mkewe kiulaini kabisa.

—

Mleta mada hapa. Hoja ya mkwe nimeikubali, na huyo mtoto aliyepaua alipwe gharama zake, ila kulipwa gharama na kumiliki nyumba nzima ni vitu viwili tofauti jamani. Kwa ambao hawajasaini: andika wosia, unabadilika mpaka siku unayokufa ilimradi akili iko timamu. Ukilazimika kutoa ukiwa hai, hakikisha haki ya kuishi humo maisha yako yote imeandikwa na kusajiliwa kwenye hati yenyewe, maneno ya sebuleni hayasaidii. Ukiona dalili ya kuuzwa omba zuio kwanza, kesi ndefu ije baadaye. Na usikae kimya ukisubiri mtoto abadilike, Ufaransa na Ujerumani dai la utovu wa shukrani lina mwaka mmoja tu tangu ulipojua.

—

Na aliyekwisha saini bila sharti lolote, afe?

—

Hapana mkuu, huyo aishambulie saini yenyewe. Nani alimpeleka kwa wakili, nani alimlipa huyo wakili, mzee alisomewa karatasi kwa lugha anayoielewa, siku ile alikuwa kwenye dawa gani, alibakiwa na nini baada ya kutoa. Ikionekana mtoto ndo alishika kila kitu na mzee hakupata ushauri wa mtu wa pembeni, mahakama nyingi zinaiita shinikizo na hati inaweza kufutwa. Atafute waliokuwepo siku ile, hasa yule shahidi wa pili ambaye huwa anasaini bila kusoma.