Mume wangu anaongea Kiajemi, ndiyo awe Mwajemi kwa lazima?

Wakuu salaam. Nimemeza wiki tatu, leo natapika.

Mimi mtu wa Tanga, naishi Uingereza, nimeolewa na mtu wa Tabriz, kaskazini-magharibi ya Iran. Mume wangu ni Muazeri. Kwao wanaongea Kiazeri, wenyewe wanakiita Kituruki, na mama mkwe wangu, bibi wa miaka sabini na ushee, hana lugha nyingine. Kiajemi chake, hiyo lugha rasmi ya Iran, ni cha salamu na cha kununulia mkate. Mwanawe ndiye anayekimwaga, kwa sababu kule shule ni Kiajemi tangu darasa la kwanza, upende usipende.

Tukampeleka mama hospitali, presha. Dada wa mapokezi akauliza mnaongea lugha gani. Mume wangu: "Mimi Kiajemi na Kiingereza, mama Kiazeri." Dada kasikia neno la kwanza tu. Lugha: Kiajemi. Kabila: Mwajemi. Haya, anayefuata!

Siku ya daktari nikaenda na mama mimi, mwenzangu yuko kazini. Wakampigia mkalimani, simu ikawekwa spika mezani. Jamaa anateremka na Kiajemi safi cha Tehran. Mama anaitikia "bale, bale", yaani ndiyo, ndiyo, kwa adabu zake zote, huku kidole chake kinasokota ncha ya mtandio na macho yako kwangu. Jioni mwanawe anamuuliza dawa zinakunywaje. Daktari alisema kidonge kizima asubuhi, nusu usiku. Mama anasema nusu asubuhi, na usiku asile chumvi. Presha hiyo jamani, mtu anaweza kufa!

Nikarudi kulalamika. Msimamizi ananijibu kwa upole ule wao wa kuudhi, kwamba mume wako si anaongea Kiajemi? Nikamwambia na mimi hapa naongea Kiingereza, mbona hujaniandika Mwingereza? Hapo ndipo akaniambia kama tunataka kabila libadilishwe tulete uthibitisho.

Uthibitisho gani? Shenasnameh, kile kijitabu cha Iran cha kuzaliwa, kina jina, wazazi na mahali ulipozaliwa. Kabila hamna. Na sensa yao haiulizi kabila. Nilete nini, mate ya mama kwenye kichupa?

Mhazara wa Afghanistan amenyonya Kiajemi kwenye titi la mamake, na ni Mhazara. Mtajiki hivyo hivyo, Mtajiki. India mahakama na ofisi ziliendeshwa kwa Kiajemi mpaka Waingereza haohao walipokiondoa mwaka 1837, na hakuna aliyewaita makarani wale Waajemi. Nikicheka kidogo ni kwa Shah Ismail na Sultani Selim, waliopigana Chaldiran mwaka 1514. Yule shah wa Iran mashairi yake mengi katunga kwa Kituruki, na sultani wa Waturuki katunga kwa Kiajemi. Kwa hesabu za dada wa mapokezi, kila mmoja alikuwa jeshi la mwenzake.

Na msidhani nawasema wazungu peke yao. Nyumbani Tanga kila siku ni "shemeji Mwajemi hajambo?" Nimechoka kusahihisha. Nyie mnajua kabisa Msukuma akiongea Kiswahili kutwa kucha habadiliki kuwa Mswahili (kama si yule Mswahili wa maneno mengi, hao wapo kila kabila). Tena nyie wa pwani! Bibi yangu mzaa mama alijiita Mshirazi, yaani mtu wa asili ya Shiraz huko Uajemi, mpaka anaingia kaburini, na Kiajemi hakijui hata cha kuombea maji, labda umhesabie "bandari", neno lililotoka kwao. Mwaka 2023 wataalamu walitoa matokeo ya vinasaba vya watu 80 wa zamani, wengi wao wa miji yetu ya pwani. Kwa wengi, upande wa mama ni Afrika, na upande wa baba umo Uajemi. Basi huenda bibi yangu alikuwa na Uajemi mwingi kuliko mume wangu, na angepewa yule mkalimani angemtukana.

Jana barua imefika. Miadi Jumatano, saa nne asubuhi. Chini wameandika kwa herufi nzito: mkalimani wa Kiajemi ameshapangwa. Mume wangu kaomba ruhusa kazini, na siku hiyo halipwi.