MJADALA: Sciences Po, shule ya vichwa au ya majina?

Mpemba wa Marseille: Wadau, marais wa Ufaransa Mitterrand, Chirac, Hollande, Macron, wote wamepita Sciences Po, ile shule kubwa ya siasa iliyo mtaa wa Saint-Guillaume, Paris. Mwaka 2001 shule ikafungua njia ya pekee kwa watoto wa sekondari za vitongoji vya walalahoi. 2021 ikafuta mtihani wa kuandika wa kuingilia, sasa ni faili na usaili. Mlango umefunguka kweli au wameupaka rangi tu?

Kibonge74: Rangi tupu. Karatasi haisikii lafudhi yako, usaili unaisikia. Unaonyeshwa picha, uichambue papo hapo. Aliyekulia meza moja na mabalozi anateleza kama kambale. Mtoto wa dereva teksi anabaki katoa macho.

Dada Zuu: Wa dereva teksi? Baba yangu kaendesha teksi miaka 20, na siasa tulikuwa tunabishana mpaka chai inapoa. Nipo mwaka wa pili hapohapo. Juzi nimesimama kutoa exposé, yaani mada ya mdomo mbele ya darasa, dakika kumi, sehemu mbili, kila sehemu vipande viwili, utadhani sare ya shule. Macho sikutoa.

Kibonge74: Dada, ule ulikuwa mfano. Povu la nini?

Dada Zuu: Mbona mfano haukuwa baba yako?

Mzee wa Kijiweni: Tusigombane wanangu. Ada je? Nasikia ni ya kuuza shamba.

Dada Zuu: Shikamoo mzee. Kwa wanaoishi Ulaya wanaangalia kipato cha wazazi, wa chini kabisa halipi kitu.

Mzee wa Kijiweni: Marahaba. Na kampasi ya Reims, si ndiko wanasomesha Kiswahili, kwenye ile programu ya Ulaya na Afrika? Cha wapi hicho?

Kibonge74: Cha Bara, ndicho sanifu.

Nana wa Kibokoni: Sanifu ya Bara tangu lini? Kilichochaguliwa ni Kiunguja, tena mkutano wa kusanifisha Kiswahili ulikaa hapa kwetu Mombasa, 1928. Nyie mmekuta chungu kishaepuliwa, mmepakua tu.

Kibonge74: Kiunguja kikachaguliwa Mombasa, mkaachwa na Kimvita chenu mkononi. Pole bibi.

Nana wa Kibokoni: Bibi yako nani?

Mpemba wa Marseille: Jamani, usaili! Niliuliza usaili!

Nana wa Kibokoni: Nawe usijifiche. Sema, Kimvita au Kiunguja?

Mpemba wa Marseille: Miye nimeuliza ya Paris. Ila mkitaka kweli, kitamu ni Kipemba.