Nimeitwa usaili wa Wakili wa Serikali Daraja la II. Kazi yenyewe ikoje?

BintiWaJoho:
Habari wakuu. Nimeshaapishwa uwakili, niko kwenye ofisi ya kujitegemea hapa Dar, malipo ni ya kusuasua. Sasa Sekretarieti ya Ajira wameniita usaili. Bosi wangu ananicheka, anasema nitakuwa naomba maahirisho na kuitetea serikali hata ikikosea. Mlioko huko, kazi inakwendaje? Na nikipata, wateja wangu wachache naendelea nao?

Jalada_Jekundu:
Wateja, hapana. Ukiingia serikalini unawaaga. Ndugu watakuletea kesi za viwanja vya urithi, utakataa, watasema unaringa.

Halafu angalia unaombea wapi. Tangu 2018 ofisi ni tatu: Mwanasheria Mkuu wa Serikali (ushauri, mikataba, uandishi wa miswada), Wakili Mkuu wa Serikali (madai na usuluhishi), na Ofisi ya Taifa ya Mashtaka kwa jinai. Mwandishi wa sheria anaweza asivae joho mwaka mzima.

Mimi ni wa madai. Anayetaka kuishtaki serikali lazima kwanza atoe notisi ya siku 90. Kwa maandishi, muda huo ni wa taasisi kujichunguza: ikiona imekosea, ilipe au waelewane. Kwa hali halisi notisi inalala masjala, na wewe unaletewa hati ya madai ikiwa imeshasajiliwa, siku 21 za kujibu zinahesabika. Unampigia afisa sheria wa taasisi: naomba mkataba, naomba hati za malipo, naomba shahidi aliyekuwepo. Aliyekuwepo kastaafu, au kahamishwa mkoa na namba yake haipatikani. Kuna mkataba wa ujenzi niliusubiri kumbe uko kabatini, mwenye ufunguo yuko likizo ya uzazi! Msomi mwenzako, yaani wakili wa upande wa pili, ana kila karatasi, anakungoja. Kwa hiyo hayo maahirisho anayoyacheka bosi wako mengi yanazaliwa huko masjala.

Na mzigo umekua. Marekebisho ya sheria ya 2020 yameingiza halmashauri na mashirika ya umma kwenye utaratibu huohuo, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Faida yake ni kwamba mashauri haya yako Mahakama Kuu, kwa hiyo kijana wa Daraja la II anazoea kusimama mbele ya jaji wakati wenzake mtaani bado wanambebea bosi mafaili.

Kuhusu kutetea makosa, bosi wako hajakosea kabisa, ila haoni kinachoandikwa ndani. Ukiona hatuna utetezi unaandika maoni kwamba tusuluhishe. Uamuzi si wako. Yakikubaliwa, mdai analipwa na jina lako halitajwi popote. Yakikataliwa, unakwenda kusimamia hoja za sheria zilizobaki. Pingamizi la notisi, yaani kwamba mdai hakutoa ile notisi ya siku 90 ipasavyo, nimelitumia mara nyingi na sioni aibu, ingawa ukimrudisha mama wa watu nyumbani kwa sababu hiyo, chakula cha mchana hakishuki.

MzeeWaMashtaka:
Nampinga kidogo huyu wa madai. Huku kwenye jinai tuna uhuru zaidi: jalada la polisi likiwa bovu unalirudisha wakapeleleze. Ila uwe tayari kwa mashahidi wanaoingia mitini asubuhi ya kesi, na kupangiwa kituo usichokitarajia.

BintiWaJoho:
Asanteni kaka zangu. Barua inasema Ofisi ya Wakili Mkuu. Nisome nini zaidi?

Jalada_Jekundu:
Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, isome yote. Ujue vizuri kwa nini aliyeishinda serikali hawezi kukamata magari yake kwa dalali wa mahakama kama anavyomfanyia mdaiwa mwingine, na analipwaje basi. Hapo wasailiwa wengi hubabaika. Na jipange kujieleza kwa Kiswahili cha mahakamani, maana tangu 2021 ndiyo lugha ya mahakama.